UZURI WA BINTI YETU: NANI ANAUPIMA?

Katika kijitabu hiki tumezoea kuandika juu ya ngoma, majina, mahari na matanga. Safari hii tunaandika juu ya Miss. Wengine watauliza: Miss iko desturi gani? Tunajibu kwamba imekuwa desturi, tupende tusipende. Kuko Miss wa masomo, Miss wa chuo, Miss wa komini, Miss wa mkoa, na juu yao wote kuko Miss wa inchi. Kitu kinachorudi kila mwaka, chenye nguo yake, muziki wake, wakubwa wake wa kukaa mbele na zawadi zake, hicho ni desturi. Ni desturi changa, lakini watoto wetu wanaijua kuliko zile za zamani.

Tena kuko neno linalotugusa sisi wenyewe. Wenye kutengeneza mashindano hayo wanakuja kugonga mlango wa chama chetu. Wanaomba ngoma zetu, wachezaji wetu, shanga na vikwembe vya bamama zetu, kwa ajili ya ile sehemu wanayoiita "vazi la asili". Shauri hawaombi. Wanaomba vyombo tu, na kesho yake wanavirudisha vikiwa na matope. Njo maana tunaandika: tumechoka kuwa duka la kukodisha desturi.

Neno letu ni moja, na tunalisema tangu mwanzo ili msomaji asihangaike kulitafuta. Mashindano ya uzuri yanabadilika, na mabadiliko mengine ni mazuri. Lakini yanabadilika kwenye nguo, kwenye umri na kwenye nywele. Kwenye meza ya wale wanaopima hayajabadilika. Na kwa bankambo zetu, meza ile njo ilikuwa desturi yenyewe: aliyetazama uzuri wa binti alikuwa mtu wa kujibu juu ya binti huyo kesho asubuhi.

MISS ALITOKA WAPI

Tusianze na hasira, tuanze na historia. Mashindano yaliyozaa Miss America yalianza 1921 huko Atlantic City, mji wa pwani. Wafanyabiashara wa mji ule walitaka watalii wasirudi kwao haraka wakati likizo zinapoisha mwezi wa tisa. Miss World ilianza London mwaka 1951. Eric Morley aliipanga kama shindano la bikini wakati wa sherehe kubwa ya taifa la Uingereza, na mshindi wa kwanza, msichana wa Sweden, alivikwa taji akiwa na bikini mwilini. Miss Universe ilianza 1952 huko Long Beach, California, na kisa chake kinachekesha. Yolande Betbeze, Miss America wa 1951, alikataa kupigwa picha na mayo, ile nguo ya kuogelea. Kampuni ya Catalina, iliyokuwa ikishona mayo na kutolea Miss America pesa, ilikasirika, ikaondoka, ikaanzisha shindano lake yenyewe.

Tuone vizuri. Moja ilizaliwa kwa kujaza vyumba vya hoteli, moja kwa kuvuta watu kwenye sherehe, moja kwa kuuza mayo. Hatusemi hivi kwa kutukana. Soko ni soko. Lakini mtu asije akatuambia eti mayo kwenye podiamu ni "kipimo cha kimataifa", sawa vile kilo na mita. Kipimo hicho kiliwekwa na washona nguo waliotafuta wateja, na binti aliyekikataa alikuwa Mmarekani mwenye taji tayari kichwani.

Na kwetu? Mwaka 1985, huko Miami, Kayonga Mureka Tete, Miss wa Zaire, alishika nafasi ya tatu katika Miss Universe. Lilikuwa jambo kubwa, na hatutaki kulipunguza hata kidogo. Lakini tukumbuke tulikuwa miaka gani. Tangu 1971 tulikuwa ndani ya Authenticité. Majina ya ubatizo yalifutwa, wanaume walikatazwa tai, na wanawake waliambiwa wavae kikwembe, waache suruali na peruki. Basi inchi ileile iliyomkataza mama kwenda sokoni na suruali ilipiga mikono kumuona binti yake na mayo kwenye televizyo za Marekani. Mtu atasema hapa kuna kupingana. Sisi hatuoni kupingana. Huku serikali iliamua mwili wa mwanamke uvae nini, kule kampuni iliamua uvae nini. Mwenye mwili hakuulizwa pande zote mbili.

YALIYOBADILIKA

Wanawake wenyewe njo walioanza kusukuma. Mwaka 1970, ndani ya Royal Albert Hall ya London, kundi la wanawake lilirusha unga na kupiga kelele katikati ya Miss World, mbele ya kamera. Usiku uleule taji lilikwenda kwa Jennifer Hosten wa Grenada, mwanamke mweusi wa kwanza kulipata. Mambo mawili katika usiku mmoja: wengine wanasema shindano hili linatudharau, na mwingine, mweusi, anasema hatimaye nimeonekana. Wote wawili walikuwa na haki, na ugumu wa jambo hili uko palepale hata leo.

Baadaye mambo yalikwenda polepole. Miss World ilitangaza mwisho wa 2014 kwamba inaondoa sehemu ya mayo, kuanzia 2015. Miss America ilifanya vile 2018. Mwaka 2019 Zozibini Tunzi wa Afrika Kusini alishinda Miss Universe akiwa na nywele zake mwenyewe, fupi, za Kiafrika, bila meshi. Kuanzia shindano la 2023, Miss Universe ilikubali wanawake walioolewa na wenye watoto. Kuanzia 2024 iliondoa mpaka wa umri, uliokuwa miaka 28. Na mwaka 2025, huko Côte d'Ivoire, kamati ya Miss ilikataza peruki na nywele za kuunga ndani ya shindano lake, ili mabinti wapite na nywele walizozaliwa nazo.

Tunayaandika haya kwa kirefu kwa sababu moja. Hapa kwetu kuko watu ambao wakisikia tunalalamika wanasema: "Bazee, muko munaogopa dunia, dunia inaendelea." Vema. Basi dunia imeendelea mpaka wapi? Wenyewe wameanza kuvua kile ambacho sisi tunakazana kuvaa. Wao wanaondoa mayo, sisi bado kuna mahali tunapima mapaja. Wao wanakubali mama mwenye watoto, sisi bado tunaandika kwenye afishi "asiwe ameolewa, asiwe amezaa". Majirani zetu wa Abidjan wanakataza peruki, na hapa binti bila meshi ndefu anaambiwa hajajitengeneza. Tunapokea mtindo sawa vile tunavyopokea nguo zilizokwisha kuvaliwa Ulaya, halafu tunajisifu kwamba tuko wa kisasa.

VAZI LA ASILI GANI?

Kile kinachotuumiza zaidi ni ile sehemu ya "vazi la asili". Tungefikiri kwamba hapo angalau tungejisikia nyumbani. Kinyume chake.

Binti anatoka na kitambaa cha kiwandani chenye madoa ya chui, kifupi kama mayo ileile iliyoondolewa. Shingoni ana meno ya plastiki. Mkononi mkuki. Mtangazaji anapaza sauti: "Vazi la bankambo!" Bankambo wa nani? Kwa makabila mengi ya inchi yetu ngozi ya chui ilikuwa alama ya mfalme. Mwindaji aliyeua chui hakujifunga nayo. Aliipeleka kwa mkubwa wa inchi. Kumfunga binti madoa ya chui kiunoni ili watu wapige filimbi ni kumvua mfalme na kumvua binti kwa mara moja.

Tuchukue mfano wa kweli wa vazi la asili. Kwa Wakuba wa Kasai, kitambaa cha rafia kinafumwa na wanaume na kudariziwa na wanawake. Sketi ya mwanamke katika sherehe kubwa ina urefu wa mita nyingi. Inazungushwa mwilini mara kadhaa na kufungwa kwa mkanda. Haishonwi na mtu mmoja. Bamama wa ukoo wanagawana vipande, kila mmoja anatia mkono wake, na kazi inaweza kuchukua muda mrefu sana. Mwanamke akisimama na sketi ile, kila anayemuona anajua ana watu nyuma yake. Sasa mtu anachukua kitambaa kile, anakikata vipande viwili vidogo, na kusema ameendeleza utamaduni. Amekata mita zote zilizokuwa na maana, akabakiza rangi.

Hatuko watu wa kukataa kila kitu kilichotoka mbali. Kikwembe cha wax chenyewe kilitoka kwa Waholanzi, waliokuwa wakiiga batiki ya Java. Kiwanda cha Vlisco huko Helmond kimekuwapo tangu 1846. Lakini bamama zetu wamekipa majina, wamekipa methali, wamekifanya cha mahari na cha matanga. Kimekuwa chetu kwa sababu walikitia maneno yao. Njo kupima kwetu: kitu cha kigeni kinaweza kuwa cha kwetu kama sisi tunakipa maana. Kama kinatunyang'anya maana tuliyokuwa nayo, kibaki kwao.

BANKAMBO WALIPIMA NINI

Tusijidanganye kwamba bankambo hawakutazama uzuri. Walitazama sana. Kwa Watshokwe wa upande wa Dilolo na Sandoa kuko kinyago kinachoitwa Pwo, maana yake mwanamke. Fundi akitaka kukichonga, alimtazama mwanamke fulani wa kweli ambaye watu walimsifu: uso wake, nywele zake zilivyosukwa, alama zake usoni, pamoja na zile za machozi chini ya macho. Aliyekivaa na kucheza alikuwa mwanaume, na alicheza kwa hatua ndogo, za adabu, ili kuwasifu wanawake mbele yao. Mchezaji alimpa fundi pete ya shaba, sawa vile mtu anayetoa mahari. Tangu siku ile alikuwa amefungwa na kinyago kile, na mara nyingi akifa kilizikwa pamoja naye.

Msomaji atazame vizuri jambo hili. Mwanamke aliyesifiwa hakusimamishwa kwenye mstari na namba kiunoni. Mwanaume njo aliyetoa jasho akicheza, na wanawake wenyewe walikuwa pale wakimtazama kama anaweza. Akikosea hatua, aibu ilikuwa yake.

Kuko na jambo la pili, na hili njo tunataka lisisahaulike. Wanaojua vinyago hivi wanaeleza kwamba zamani Pwo ilikuwa mwanamke mzima, aliyekwisha kuzaa, mwenye heshima ya mama. Jina la Mwana Pwo, yaani binti, lilipata nguvu baadaye, wakati macho ya Wazungu yalikuwa yamekwisha kuingia na uzuri ulikuwa umekwisha kuhamia kwa vijana peke yao. Basi Miss Universe ilipofungulia mama mlango mwaka 2023, magazeti yaliandika kwamba ni mapinduzi. Kwa Watshokwe ingekuwa kurudi nyumbani.

Kwa Waluba vilevile. Viti vya wafalme vinavyowekwa leo kwenye majumba ya makumbusho ya Ulaya vinabebwa na sanamu ya mwanamke. Nywele zake zimepangwa kwa ustadi, tumbo na mgongo wake vimejaa alama za chanjo. Mfalme anakalia, mwanamke anabeba. Uzuri wake haukuwa pambo la kiti. Bila yeye kiti hakuna.

Na kwa watu wa upande wa Sakania na Luapula, kisungu kilimtoa msichana utotoni na kumuingiza utu uzima. Nachimbusa, mama mwenye kufundisha, alimuonyesha sanamu za udongo na kumfundisha nyimbo zake, juu ya shamba, nyumba, mume, wakwe na uzazi. Mwisho wake binti alitolewa nje, amepakwa, amepambwa, kijiji kizima kikimtazama. Hii pia ilikuwa kupita mbele ya watu! Lakini nachimbusa hakuondoka na gari lake usiku ule. Alibaki mama wa binti yule maisha yote. Akipata shida ya ndoa, alirudi kwake. Akizaa, nachimbusa aliitwa.

Hatusemi kila kitu kilikuwa kizuri. Tungekuwa waongo. Chanjo ziliuma na zilitoka damu. Kisungu kilifundisha pia kunyamaza mbele ya mume hata pale ambapo binti alipaswa kusema. Kwa Wamangbetu wa kaskazini, kichwa cha mtoto mchanga kilifungwa kamba ili kiwe kirefu, na mtoto hakuulizwa. Na picha ya Nobosodru, mwanamke wa Kimangbetu, iliyopigwa wakati wa msafara wa Citroën wa 1924-1925, ilizunguka dunia nzima kwenye matangazo ya wengine. Kwa hiyo hatuombi turudishe chanjo wala kamba. Tunaomba kitu kimoja tu kutoka kwa bankambo: kwamba anayetazama awe na deni kwa anayetazamwa.

TUJIBU PANDE MBILI

Kuko wazee na wachungaji wanaotuambia: "Bakataze yote, ile ni mambo ya uchi." Tunawaheshimu, lakini hatukubaliane nao. Tulikwisha kuona serikali ikikataza suruali na peruki, na tuliona kwamba kukataza nguo hakumlindi mwanamke. Kunampa askari sababu ya kumsimamisha njiani. Tena kitu kikikatazwa sali ya mchana kinahamia chumba cha usiku, mahali ambapo hakuna mama, hakuna avoka, hakuna kamera. Na tuseme ukweli wote: baadhi ya wale wanaopiga kelele Jumapili tumewaona viti vya mbele Jumamosi.

Kuko wengine, na hawa wanatupa shida zaidi, juu wanasema kwa upendo. Ni wazazi. Wanasema: "Mutoto eko na mwili muzuri, muache apate maisha yake." Katika inchi ambamo mwalimu anangoja mshahara na mwenye diploma anauza vocha za telefone, nani atamlaumu mama anayesema vile? Taji linaweza kuleta pesa ya masomo, safari, kazi. Kuko mabinti wanaotuambia kwamba pale juu ya podiamu njo mahali pa kwanza ambapo watu wazima walinyamaza ili wao waseme. Neno hilo linatuhukumu sisi wazee kuliko linavyowahukumu wao.

Lakini tufanye hesabu pamoja na mzazi huyo. Mabinti wanaojiandikisha ni wengi, taji ni moja. Kila mmoja analipa fomu, picha, viatu virefu, nywele, taksi za usiku za kwenda mazoezini. Kura zikipigwa kwa ujumbe wa telefone, ni wajomba na marafiki zake wanaolipa. Mwisho wa usiku mmoja anaondoka na taji, na wengine wote wanarudi kartiye zao na deni la viatu. Hao njo waliolipia sherehe. Na zawadi ya yule mmoja yenyewe, ameionyeshwa kwenye afishi tu. Siku ya kuidai hajui aende ofisi gani. Huyo ni mtoto wako, mama. Ulisema apate maisha yake. Maisha yake yamepatwa na nani?

MEZA

Sasa tunafika kwenye meza. Nani anakaa pale? Mwenye kulipa, rafiki wa mwenye kulipa, mwanamuziki mmoja, mkubwa mmoja wa serikali, na kwa kupamba, mwanamke mmoja. Hawamjui binti, hawajui nyumba yao, na baada ya saa sita za usiku hawana cha kumjibu. Lakini wana namba yake ya telefone. Hapo njo penye hatari, na mayo haikuwa hatari kubwa kama hiyo.

Haya hatuyatungi. Mwaka 2022, kwa majirani zetu wa Rwanda, serikali ilisimamisha Miss Rwanda wakati mkubwa wa shindano alipokuwa akichunguzwa kwa mashtaka ya kuwasumbua wagombea kimwili. Shindano lile halikuwa la uchochoroni. Lilionyeshwa televizyo na kusifiwa kwa utaratibu wake. Na mwaka 2025, huko Thailand, majuma machache mbele ya fainali ya Miss Universe, mkubwa mmoja wa shindano alimgombeza Miss Mexico mbele ya wenzake na mbele ya kamera. Msichana alisimama akatoka, na wengine wakatoka naye. Baadaye mjumbe mmoja wa juri alijiuzulu, akidai kwamba wengine walikwisha kuchagua kwa siri. Wenye shindano walikana. Hatuwezi kusema nani alikuwa na haki katika siri ile. Tunasema tu kwamba shindano lililokwisha kubadilisha umri, ndoa na nywele lilikwama palepale: nani anapima, na anamjibu nani.

Miss yule wa Mexico mwishoni alivikwa taji. Wengi walifurahi. Sisi pia. Lakini tulitazama zaidi wale waliosimama na kutoka naye, kwa sababu walihatarisha taji lao wenyewe kwa ajili ya mwenzao. Katika usiku mwingi wa podiamu, huo njo uzuri tuliouona ambao nachimbusa angeutambua.

TUNACHODAI

Mtu akilalamika tu bila kusema anataka nini, anapoteza karatasi. Basi tunasema wazi. Kuanzia sasa, atakayekuja kuomba ngoma zetu, vikwembe vyetu na wachezaji wetu, aje na majibu ya mambo matano.

La kwanza, umri. Sheria ya tarehe 10 Januari 2009 juu ya ulinzi wa mtoto inasema mtoto ni kila mtu asiyefikisha miaka 18. "Miss wa masomo" wenye miaka 15 na 16, wakipita mbele ya watu wazima wenye bieri mkononi, hatutawapigia ngoma. Hapo hakuna mjadala.

La pili, meza. Nusu ya wanaopima wawe wanawake, na kati yao wawepo bamama wawili wanaojulikana na kartiye za mabinti, si wageni wa heshima. Mwenye kutoa pesa akae sali kama watu wengine. Alinunua tangazo, hakununua kura.

La tatu, karatasi. Kontra iandikwe mbele, kwa lugha binti na mzazi wake wanayoisoma, Kiswahili kikiwemo. Iseme zawadi ni nini, inatoka lini, kwa ofisi gani, na picha za binti zitatumika wapi na mpaka lini. Kila binti apewe nakala yake. Zawadi iwekwe benki mbele ya sherehe, si kwenye afishi.

La nne, kesho asubuhi. Kila binti awe na mama mmoja wa kumsindikiza, wa kukaa naye mazoezini na kumrudisha nyumbani, tena wa kumfuata mwaka mzima, taji au bila taji. Wakimuita "koch", wamuite vile; sisi tunajua jina lake la zamani. Na kama mtu wa shindano anamsumbua binti, isipelekwe kwa mwenye shindano ili "tumalize kifamilia". Sheria ya tarehe 20 Julai 2006 juu ya unyanyasaji wa kimwili inahesabu usumbufu huo kuwa kosa. Iende kwa mwendesha mashtaka.

La tano, asili. Atakayesema "vazi la asili" atuambie ni asili ya nani, nani alilivaa, siku gani na kwa sababu gani. Binti mwenyewe aeleze, kwa lugha ya kambo yake akiiweza. Asiyeweza kueleza alichovaa aachiwe nguo nyingine, na sisi tuko tayari kumfundisha bila kulipwa franga hata moja. Wanawake waliozaa na walioolewa waruhusiwe. Nywele za binti ziwe vile anavyotaka yeye, lakini asikosesha pointi kwa sababu ni zake.

Wengine watasema tunaharibu sherehe, kwamba hakuna atakayekubali masharti haya, kwamba watakodi kundi lingine la ngoma, la bei ya chini, lisiloandika barua. Inawezekana. Makundi yako mengi hapa mjini, na njaa iko nyingi kuliko makundi. Kwa hiyo tunawaandikia wao pia, wandugu zetu wa ngoma, wa Kenya, wa Katuba, wa Ruashi na kwingine: kama sisi wote tukiuliza maswali matano, wenye podiamu hawatapata wa kuwapigia, na watajibu. Kama mmoja wetu akienda kimya, maswali yamekufa.

Na kwa mabinti wanaosoma kijitabu hiki, juu tunajua mnakisoma hata mkisema ni cha wazee: hatujaandika kuwazuia kupanda. Pandeni. Lakini mbele ya kupanda ombeni kuona karatasi, na ulizeni majina ya wanaokaa mezani. Mtu akikujibu "Usiogope, tutaonana baada ya sherehe", rudi nyumbani mapema, kabla ya kulipa viatu.

Barua yenye mambo haya matano imekwisha kuandikwa, na nakala ziko kwa katibu wa chama. Mzazi yeyote anayetaka moja ya kwenda nayo siku ya kumuandikisha binti yake atapewa bure.